Siku tano Sa Pa kwa miguu: mwongozaji, goti linalouma na chakula cha Mwislamu

Swali kutoka kwa msomaji wa Morogoro: "Mimi na mke wangu tutakuwa Hanoi, Vietnam, mwezi Septemba. Kazi yangu inaisha tarehe 18 na tunabakiwa na siku tano kabla ya ndege ya kurudi. Tunataka kutembea kwa miguu kwenye yale majaruba ya mpunga yaliyopandana mlimani, na kulala vijijini kwa wenyeji. Mwongozaji ni lazima, au ni njia ya kutula pesa tu? Twende Sa Pa au Mù Cang Chải? Mke wangu ana goti linalomsumbua akishuka mteremko, na sisi ni Waislamu, kwa hiyo suala la chakula linatutia wasiwasi."

Kaka, tuanze na tarehe, kwa sababu mpunga haumsubiri mgeni. Milima ya kaskazini-magharibi mwa Vietnam hulima mpunga msimu mmoja tu kwa mwaka. Baridi hairuhusu wa pili. Mbegu huwekwa kitaluni Machi na Aprili. Mvua zikikolea mwezi Mei majaruba hujazwa maji, na miche hupandikizwa hadi Juni. Julai na Agosti mlima wote ni kijani. Bonde la Mường Hoa, lile lililo chini ya mji wa Sa Pa, huanza kuiva mwishoni mwa Agosti, na ikifika nusu ya pili ya Septemba sehemu kubwa imeshavunwa. Mù Cang Chải, iliyo kusini zaidi, huchelewa: njano yake hukolea kuanzia katikati ya Septemba hadi siku za kwanza za Oktoba.

Kwa hiyo katika siku zenu, Mù Cang Chải itakuwa inakaribia kilele na Sa Pa itakuwa katikati au mwishoni mwa mavuno. Anayefuata picha peke yake ningemwambia aende Mù Cang Chải bila kusita: apite Nghĩa Lộ na Tú Lệ, avuke mlima kwa njia ya Khau Phạ, kisha kule La Pán Tẩn apandishwe na bodaboda ya kijana wa Kihmong, kabila la wenyeji wa milima hii, hadi kilima cha Mâm Xôi. Lakini ninyi mmesema mnataka kutembea na kulala kwa watu, na shemeji ana goti. Hanoi hadi Mù Cang Chải ni karibu kilomita 300, nyingi zikiwa za kona za milimani, mwendo wa saa sita au saba kwa upande mmoja. Waongozaji wanaozungumza Kiingereza ni wachache kuliko Sa Pa, na mwisho wa wiki wa msimu wa njano wapiga picha kutoka Hanoi hujaa mpaka vitanda vinakwisha. Sa Pa ina njia nyingi za miguu, na nyingi hukutana na barabara kila baada ya mwendo mfupi. Kwa mwenye goti bovu hilo lina thamani kuliko rangi ya mpunga. Nendeni Sa Pa.

Msifikiri mavuno ni hasara. Mpunga wa juu mlimani hupata baridi zaidi na huiva nyuma ya ule wa bondeni, kwa hiyo mkipitishwa sehemu za juu mtakuta majaruba ya njano bado yamesimama kando ya yaliyofyekwa. Na mtaona kazi yenyewe. Mpunga hukatwa kwa mundu, hulazwa juu ya mabua ukauke, kisha hupurwa palepale shambani: mtu anashika mganda kwa mikono miwili na kuupiga ndani ya sanduku la mbao lililozungushiwa mkeka upande wa nyuma, ili punje zisirukie jaruba la chini. Siku hizi mashine ndogo za kupuria zipo, ila kwenye majaruba membamba sanduku bado linafanya kazi, na mpigo wake unasikika bonde zima. Mkulima wa Kilombero ataitambua kazi hiyo mara moja.

Sasa mwongozaji. Kwa kutembea vijiji vya Lao Chải na Tả Van si lazima. Unakata tiketi ya kuingilia kijijini unakwenda zako. Wanaopanda Fansipan kwa miguu, ule mlima wa zaidi ya mita 3,140 ulio ndani ya hifadhi ya taifa ya Hoàng Liên, ndio wanaotakiwa kuwa naye. Hata hivyo nawaambia mchukueni, na sababu kubwa si kupotea. Sababu ni kwamba njia nzuri za bondeni humo zinapita juu ya mashamba ya watu, na ni mwenyeji tu anayejua leo ipi inapitika.

Jaruba la huku linashikiliwa na ukingo wa udongo. Hakuna kuta za mawe kama za Batad kule Ufilipino. Ni udongo mtupu uliokandwa kwa jembe na miguu, na upana wake mara nyingi hautoshi nyayo mbili sambamba. Maji hutoka kijito cha juu, hufuata mfereji mwembamba uliochimbwa ubavuni mwa mlima, pengine huvushwa korongo kwa mabomba ya mianzi, kisha huingia jaruba la kwanza. Kwenye ukingo kuna pengo dogo lililozibwa kwa donge la udongo. Mkulima akiliondoa, maji yanashuka jaruba la pili. La pili likijaa, la tatu, hivyo hivyo hadi mtoni. Mgeni akikanyaga pembeni na ukingo ukameguka, jaruba hilo linakauka, na la chini yake linapokea maji na tope kwa mkupuo mmoja. Familia inaweza kupoteza siku nzima kuziba pengo lililoachwa na kiatu kimoja. Mei na Juni kingo zimesiribwa upya na nyingi hazikanyagiki kabisa. Septemba maji yameshafunguliwa ili ardhi ikauke kwa mavuno, kwa hiyo mnakuja wakati ambao kingo ni imara kidogo. Lakini sheria ni ileile: mmojammoja, katikati ya ukingo, na usiruke kutoka jaruba moja kwenda jingine ili ufupishe njia.

Kuna na jambo la msimu wenu. Wakati wa mavuno, kila njia ni njia ya kazi. Mtakutana na watu wanaoshuka na magunia mabegani, na pikipiki zenye magunia mawili zinazopanda njia ya saruji ambayo upana wake ni mita moja hivi. Mpishe mwenye mzigo, na ukimpisha simama upande wa mlima, siyo upande wa bonde. Wageni wengi husogea upande wa bonde ili waendelee kutazama mandhari, na ukingo laini ukiwaachia wanajikuta jaruba la chini.

Katika kumchagua mwongozaji, tafuteni aliyezaliwa katika bonde mtakalopita. Sa Pa wengi wao ni wanawake wa Kihmong Weusi, wale wavaao nguo za nyuzi za mmea wa jamii ya bangi (hemp) zilizotiwa rangi ya nili, na wengine ni Wadao Wekundu, kabila jingine la huko. Vijana kutoka Hanoi wenye Kiingereza kizuri watawapa historia, lakini hawawezi kumwomba mkulima ruhusa ya kupita kwa lugha yake. Kwa sheria ya utalii ya Vietnam ya mwaka 2017 kuna kadi za waongozaji za aina tatu: wa kimataifa, wa ndani ya nchi, na wa eneo husika. Mwulizeni, au iulizeni kampuni anayofanyia kazi, kama ana kadi. Wanawake wengi wa vijijini walijifunza Kiingereza kwa kuzungumza na wageni, siyo darasani, kwa hiyo huongea kwa ufasaha na kuandika kwa shida. Ukimwandikia ujumbe mrefu ukapata jibu la maneno mawili, usidhani hajali. Mtumie ujumbe wa sauti, na mapatano yote yatakwenda vizuri.

Yapo maswali ya kuuliza kabla ya kulipa chochote. Kundi litakuwa la watu wangapi? Wakizidi wanane, aliye nyuma hasikii wala hasaidiwi kwenye utelezi. Ninyi wawili chukueni mwongozaji wenu peke yenu, tofauti ya bei ni ndogo kuliko manufaa yake. Tunapita vijiji gani, kwa majina? Jibu la "tutaona vijiji vizuri" maana yake ni barabara ya saruji ambayo kila mtu anapita. Tutalala nyumba ya nani, na je, familia yenyewe inalala humo? Nyumba nyingi za Tả Van zinazojiita za wenyeji ni hosteli zenye vitanda 20 na baa. Bei inajumuisha nini: chakula cha mchana, maji, tiketi za vijiji, gari la kurudi? Na mvua kubwa ikinyesha usiku mtafanyaje? Anayejibu swali hilo la mwisho haraka na kwa uhakika, akitaja njia ya pili kwa jina, huyo ndiye wa kumlipa. Malipo ya awali yawe sehemu ndogo. Mengine mpeni mkononi mwisho wa safari.

Mpango wenu nauona hivi. Tarehe 19 safirini mchana kwa basi kutoka Hanoi. Tangu barabara kuu ya Nội Bài hadi Lào Cai ilipofunguliwa mwaka 2014, safari imekuwa ya saa tano au sita. Treni ya usiku ipo, kama saa nane hadi Lào Cai, kisha gari dogo la kupanda kilomita 38 hivi hadi Sa Pa. Mabasi ya kulala nayapinga kwa ajili ya goti: kitanda ni chembamba na mtu mrefu hanyooshi miguu usiku mzima. Laleni Sa Pa mjini, mita 1,500 na ushee juu ya usawa wa bahari. Ni mwinuko unaokaribiana na wa Lushoto, hakuna maradhi ya mwinuko ya kuhofia.

Tarehe 20 ndiyo siku ya kutembea, na hapa msikubali njia ya kawaida. Njia ya kawaida hutoka mjini, hushuka kwa ukali hadi Y Linh Hồ, ikafuata mto hadi Lao Chải na Tả Van, kilomita 12 hivi. Mteremko ule wa mwanzo ndio unaomaliza magoti. Mwambieni mwongozaji mpelekwe kwa gari hadi upande wa Hầu Thào, mwanzie huko juu, na mfuate njia zinazozunguka ubavu wa mlima kabla ya kushuka taratibu hadi Tả Van, kijiji cha kabila la Wagiay. Mtatembea saa tatu au nne badala ya tano, na mtaona bonde kutoka juu, mahali ambapo makundi makubwa hayafiki. Penye mteremko mkali, shemeji apande bodaboda kwa kipande hicho tu. Si aibu, wenyeji wenyewe wanafanya hivyo.

Tarehe 21 tokeni Tả Van mpande polepole hadi Giàng Tả Chải, kijiji cha Wadao, mpite msitu wa mianzi, kisha gari liwachukue barabarani. Kilomita nane hadi kumi. Mvua ikiwa imenyesha, kipande cha msitu wa mianzi ndicho kibaya kuliko vyote: ardhi ni ya mfinyanzi, iko kivulini, na haikauki. Hapo mwulizeni mwongozaji njia ya kukizunguka. Tarehe 22 iacheni wazi. Mvua ikiwazuia siku moja, mnayo ya kufidia. Isipowazuia, nendeni Tả Phìn, kilomita kama 12 kutoka mjini, kijiji cha Wahmong na Wadao Wekundu. Wadao huko wana bafu la pipa la mbao lililojazwa maji ya moto yaliyochemshiwa majani ya msituni, na kwa misuli iliyochoka ni dawa. Msizidishe dakika 20 au 30, mnywe maji kwanza, na mtoke taratibu, maana mtu akisimama ghafla kizunguzungu humwangusha. Mwenye shinikizo la damu au mjamzito asiingie. Tarehe 23 rudini Hanoi. Ndege ikiwa ni usiku huohuo, ondokeni na basi la kwanza la asubuhi.

Viatu. Mfinyanzi uliolowa na kukanyagwa na nyati unateleza kuliko mnavyodhani, na soli ya raba za mazoezi hujaa tope hatua ya tatu, baada ya hapo unatembea juu ya udongo kwa udongo. Vaeni viatu vyenye meno ya kina, vilivyovaliwa angalau wiki mbili nyumbani. Kukiwa na tope jingi, mabuti ya mpira ya kukodi pale Sa Pa yanafaa zaidi, ila watu wenye miguu mikubwa wachukue ya kwao, saizi za huko ni ndogo. Fimbo mbili kwa shemeji, siyo moja, ndefu kidogo wakati wa kushuka. Kushuka kwenyewe kuna namna yake: hatua fupi, magoti yamekunjwa kidogo, unatanguliza upande, unakanyaga penye vichipukizi vya majani na siyo penye udongo uliong'aa. Ukihisi unakwenda, kaa chini. Wanaoumia sana ni wale wanaotanguliza mkono. Kiganja na kifundo cha mkono ndivyo vinavyovunjika.

Mzigo usizidi kilo tano. Begi kubwa liacheni hotelini Sa Pa. Bebeni koti la mvua la kujifunika na begi lake, nguo kavu ndani ya mfuko wa plastiki, sweta (Septemba usiku kunapoa), tochi, karatasi za chooni, chumvi ya kuongeza maji mwilini, na plasta. Msimu wa mvua kuna ruba kwenye vichaka na misitu. Soksi ndefu juu ya suruali zinawazuia, na aliyekwisha kung'ang'ania ondoa kwa kumsukuma na ukucha kutoka upande wa mdomo.

Kuhusu mvua siwezi kusema kwa upole. Septemba bado ni msimu wa vimbunga. Kimbunga Yagi kiliingia kaskazini mwa Vietnam tarehe 7 Septemba 2024, na siku tatu baadaye, mvua ikiwa imelowesha milima kupita kiasi, maporomoko yalifukia kijiji cha Làng Nủ katika mkoa huohuo wa Lào Cai na kuua makumi ya watu. Angalieni kwamba maafa yalikuja baada ya upepo kupita. Ardhi ikishashiba maji, mteremko huweza kukatika hata siku ambayo jua limechomoza. Kwa hiyo ikinyesha usiku kucha, asubuhi msiondoke. Subirini habari za vijiji vya mbele kupitia simu ya mwongozaji. Kijito kilichokuwa cheupe kikigeuka tope ghafla, au kikapungua maji bila sababu, ondokeni bondeni mpande pembeni, siyo kufuata mkondo. Msivuke maji yanayozidi goti. Mwongozaji akisema tunarudi, mnarudi, na mlipeni siku yake kamili, asije siku nyingine akaingiza wageni hatarini kwa kuogopa kukosa ujira.

Nyumbani kwa wenyeji mtalala kwenye godoro sakafuni au darini, kuna chandarua na blanketi zito, choo na bafu mara nyingi viko nje. Mwenye nyumba atataka pasipoti zenu, kwa sababu kila mgeni lazima aandikishwe polisi. Si kwamba anawashuku. Vueni viatu mlangoni mkiona vya wenzenu vimewekwa hapo. Nyumba ya Kihmong ina madhabahu ya mizimu ukutani, mkabala na mlango mkubwa, na nguzo ya katikati ambayo ina heshima yake: msiiegemee wala kutundika nguo. Mkiona tawi la majani mabichi limetundikwa mlangoni, nyumba iko kwenye mwiko siku hiyo na mgeni haingii, hata kama mwongozaji ni ndugu yao. Kwa sala, mwombeni mwongozaji awatafutie kona ya ukumbi isiyoelekea madhabahu. Darini mara nyingi kuna nafasi safi na tulivu. Na mjiandae kuombwa picha na watalii wa Kivietnam, maana wageni weusi hawaonwi mara kwa mara huko. Kukubali au kukataa kwa tabasamu vyote ni sawa.

Chakula sasa. Nguruwe ndiye nyama kuu ya milima hii, na tatizo haliishii kwenye nyama yenyewe. Mboga nyingi hukaangwa kwa mafuta ya nguruwe, na ule unga wa kuungia unaotiwa kwenye supu mara nyingi hutengenezwa kwa mifupa ya nguruwe. Ukisema tu "hatuli nguruwe", utaletewa mboga bila nyama, zilizokaangwa kwenye mafuta yaleyale. Mwambieni mwongozaji mambo manne, na mwambieni siku ya kupatana bei, siyo jioni ya chakula: bila nyama, bila mafuta ya nguruwe, bila unga wa kuungia, na sufuria ioshwe. Neno la kumsaidia mpishi ni "ăn chay", ulaji wa Kibudha usio na nyama wala mafuta ya wanyama. Kila Mvietnam analielewa. Nunueni chupa ndogo ya mafuta ya alizeti au soya Sa Pa mjini mumkabidhi mwenye nyumba. Ataipokea vizuri na shaka inaisha.

Mkifanya hivyo, mtakula vizuri. Wali wa kuchemshwa, mayai, tofu kwa mchuzi wa nyanya, na vichipukizi vya chayote (mmea wa jamii ya maboga) vilivyokaangwa na kitunguu saumu, mboga ambayo Sa Pa inajivunia. Asubuhi wageni hupewa chapati za maji na ndizi na asali. Sosi ya kuchovya ni ya samaki. Bebeni tende, karanga na makopo mawili ya samaki kwa ajili ya mchana. Jioni itakuja pombe ya mchele au mahindi, na mwenyeji atamimina kwa moyo mkunjufu. Semeni tangu mwanzo kwamba dini haiwaruhusu, mfunike kikombe kwa kiganja, mgonganishe naye kwa chai, hatachukia. Hata asiye Mwislamu aitazame kwa makini, kwani pombe ya kienyeji ikikosewa huweza kuwa na sumu ya methanoli.

Jambo linalowachanganya wengi ni wanawake wanaofuatana na kundi. Mkitoka Sa Pa au Lao Chải, wawili watatu wa Kihmong, mtoto mgongoni na kikapu, wataanza kutembea nanyi. Watauliza majina, watamshika shemeji mkono penye utelezi, watasuka panzi mdogo wa majani wampe. Saa za chakula cha mchana vikapu vinafunguliwa: pochi, mikufu, vitambaa. Hawakuwadanganya, huo ndio utaratibu wa huko, na msaada wao ni wa kweli. Lakini mtu aliyepokea mkono kwa saa mbili hawezi kukataa bila kuona vibaya. Amueni mapema. Kama hamtanunua, semeni kwa upole dakika ya kwanza, mbele ya mwongozaji, awatafsirie. Kama goti linahitaji msaada huo, upokeeni kwa moyo mmoja na mnunue kitu kwa bei ya haki, au mwombeni mwongozaji ampatie mmoja ujira unaojulikana. Kwa watoto wanaouza msinunue wala msiwape pipi au pesa, hata wakilia. Mtoto anayeingiza pesa kuliko baba yake hatapelekwa shule.

Kitambaa cha kweli kina alama zake. Michoro huchorwa kwa nta ya nyuki kabla ya kutiwa nili, kwa hiyo mistari haifanani kabisa na rangi imepenya pande zote mbili. Kilichochapwa kiwandani kina upande wa nyuma uliofifia na michoro iliyo sawasawa mno. Nili mbichi huchuja: msikikunje pamoja na kanzu nyeupe, na fueni peke yake kwa maji baridi mara kadhaa. Mikono ya muuzaji yenye buluu hadi kwenye viwiko ndiyo cheti chenu.

Toeni fedha taslimu Sa Pa mjini, vijijini mashine hakuna. Noti ya dong 500,000 na ya 20,000 zote ni za buluu na usiku zinafanana. Ziwekeni mifuko tofauti. Mbwa wa vijijini ni wengi na kichaa cha mbwa kipo Vietnam. Aking'ata, osha kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15, kisha hospitali siku hiyohiyo, haidhuru jeraha ni dogo kiasi gani. Viza ya mtandaoni hutolewa kwa raia wa nchi zote tangu Agosti 2023, hadi siku 90, dola 25 kwa kuingia mara moja. Jazeni majina kwa mpangilio uleule wa pasipoti, na ombeni wiki tatu kabla, kwa sababu jina la kati likikosekana kwenye viza, kaunta ya ndege inaweza kuwarudisha nyumbani kabla hata hamjapanda.